Jaji Aliyecheka Kabla ya Mkalimani

Bibi Peigi MacQuarrie alisema jambo kwa Kigaeli, lugha ya kisiwani kwao, na Lodi Dunmarle akacheka. Hakikuwa kicheko cha sauti, ni pembe ya mdomo tu iliyopanda na kushuka chini ya wigi lake la manyoya ya farasi. Ajabu ni kwamba mkalimani alikuwa bado hajafungua kinywa.

Hakuna aliyeona ila mimi. Mawakili walikuwa wakimtazama bibi, bibi akimtazama mkalimani, na mkalimani akitazama dari akitafuta maneno ya adabu. Mimi ndiye niliyekuwa na kazi ya kumtazama jaji. Nilikuwa mbeba siwa katika Mahakama Kuu ya Edinburgh. Asubuhi unamtangulia jaji na siwa la fedha begani, lile rungu la heshima ya mahakama, unalitundika ukutani nyuma ya kiti chake, kisha unakaa chini yake mpaka jioni, ukingoja anyanyue nyusi akitaka maji, au kitabu, au mtu fulani anyamaze. Nyusi za Lodi Dunmarle nilikuwa nimezisoma tangu siku alipoapishwa. Nilijua akiwa na njaa, nilijua wakili anapomchosha. Lakini kwamba anasikia Kigaeli sikujua, na iliniuma kama mtu aliyegundua kuwa mkewe ana shamba asilowahi kulitaja.

Hatimaye mkalimani akakohoa. “Shahidi anasema kwamba, kwa jinsi wakili msomi anavyouzungumzia mlima huo, huenda hajapata nafasi ya kuutembelea.”

Wakili alipokuwa akipekua karatasi zake, mkalimani alininong'oneza maneno yenyewe, kwa ahadi ya bilauri ya bia. Bibi alisema, “Muulize huyu mwenye mkia wa kondoo kichwani kama huo mlima kauona kwa dirisha la treni. Ng'ombe wangu angeijibu kesi hii vizuri kuliko yeye.”

Kesi yenyewe ilikuwa hivi. Bibi Peigi alitoka Boravaig, kijiji kidogo cha kisiwa kimoja huko magharibi. Watu wa Boravaig hawakuwa na udongo wa kuzikia, ni miamba mitupu, kwa hiyo tangu zamani wafu wao walibebwa mabegani kuvuka mlima hadi makaburi ya Kilvorran upande wa pili. Njia hiyo waliiita Njia ya Majeneza. Kisha akaja Meja Ferrers, Mwingereza, akaununua mlima kwa ajili ya kuwinda kulungu, akaweka geti na kufuli. Anayetaka kwenda Kilvorran azunguke kwa mashua, na wakati wa baridi hakuna mashua inayothubutu. Mume wa Bibi Peigi, Calum, alikuwa amelala Kilvorran.

“Nataka nini?” alimjibu wakili wake siku ile. “Nataka kumwendea mume wangu kwa miguu yangu nikiwa hai, na kwa mabega ya watu nikifa. Basi. Sitaki kulungu wa mtu.”

Sheria yetu wakati huo ilisema njia ikitumiwa na watu wote miaka arobaini mfululizo, kwa haki na si kwa hisani ya mwenye ardhi, inakuwa ya watu wote milele. Miaka ya karibuni haikuwa na shida. Tarishi wa posta alishaithibitisha, na mwalimu wa shule pia. Shida ilikuwa miaka ile ya mwanzo kabisa, ya zamani. Na sheria yetu ina ukaidi mwingine. Mtu mmoja hatoshi. Hata awe mkweli namna gani, hata malaika washuke kumwekea dhamana, jambo halithibitiki mpaka apatikane wa pili. Bibi Peigi alikuwa wa kwanza. Wa pili alikuwa mchunga kondoo mmoja mzee, naye alikufa majira ya baridi, kesi ikiwa bado kwenye foleni. Wengine wa rika lake walikuwa wamehamia Kanada na kufia huko.

Kwa hiyo Bibi Peigi alisimama kizimbani peke yake, mwembamba, amevaa nyeusi, na kofia iliyobanwa kwa pini ndefu ambayo ningeogopa kuiona mkononi mwake.

Imrie, wakili wa Meja, alikuwa mtu mpole wa sauti, na hao ndio wabaya. “Bibi,” alisema, “mlipokuwa mkipita hapo zamani, mlikuwa mnapewa ruhusa, sivyo? Wenye ardhi wa wakati huo walikuwa watu wema.”

Mkalimani akamfikishia. Bibi akamjibu akiwa amemkazia macho Imrie mwenyewe.

“Ngoja nikuambie siku moja. Nilikuwa bibi harusi, sijamaliza hata mwaka kwa Calum. Palikuwa na watoto wa kuletwa kwenye nyumba ya jirani, wavulana wawili, mtu na mdogo wake, yatima wa Glasgow. Serikali ya mji ilikuwa ikiwaleta kwetu kwenye boti, wamefungiwa kadi shingoni kama mizigo. Yule mkubwa alishikwa na kifua, akafa. Wanaume wakambeba. Yule mdogo hakuwa na viatu, na theluji ilikuwa imeanza. Nikampa viatu vya Calum, nikavijaza manyoya ya kondoo viache kumvuka. Akatembea nyuma ya jeneza vikimlilia kwap, kwap, kwap. Kule juu tukakutana na mlinzi wa mawindo wa mwenye ardhi. Njia ni nyembamba, pembeni ni kinamasi. Unajua alifanya nini? Alivua kofia, akaingia kinamasini mpaka magotini, akatupisha. Mtu anayekupa ruhusa hakupishi yeye. Unampisha wewe.”

Imrie akakaa. Nikageuka kumtazama jaji nione amelipokeaje jibu lile. Lodi Dunmarle alikuwa ameshika kalamu lakini haandiki. Nyusi zake hazikusema kitu nilichowahi kukisoma.

“Tutapumzika kidogo,” alisema. Saa ya chakula ilikuwa bado mbali.

*

Nettie, mke wangu, husema mimi ni mbea niliyevalishwa sare. Sikatai. Ukikaa miaka mingi chini ya kiti cha mtu unakuwa na haki fulani ya kumjua, au ndivyo ninavyojitetea.

Yaliyojulikana juu ya Lodi Dunmarle ni haya. Jina lake la uraiani lilikuwa Archibald Menteith, mtoto wa mchungaji wa kanisa wa Perth. Alisoma hapa kwa ufadhili, akawa wakili, akawa wakili wa ngazi ya juu, kisha akaitwa kwenye ujaji. Desturi yetu jaji mpya hachukui kiti hivi hivi. Wazee wenzake wanamkalisha kwanza wamjaribu, asikilize kesi na kuwatolea hoja zake wakiwa wamekunja nyuso, na wakiridhika ndipo anaapishwa na kuchagua jina la ulodi. Siku ya jaribio lake majaji wanane walimkunjia nyuso, naye akawajibu kwa upole hadi mmoja wao akasinzia, jambo ambalo kwetu ni alama ya kufaulu.

Alikuwa jaji mzuri, nasema hivyo na mimi si mtu wa kusifu. Tulizunguka naye miji yote, Inverness, Aberdeen, Perth, akisikiliza kesi za wauaji na wezi. Kwetu karani haapishi shahidi. Jaji mwenyewe husimama, huinua mkono wa kuume, na shahidi huinua wake na kufuata maneno baada yake. Majaji wengine huharakisha maneno hayo kama mtu anayeomba dua ya chakula huku supu inapoa. Yeye hapana. Alisimama kwa kila mtu, lodi au mlevi, akasema neno moja moja, akingoja. Kule Aberdeen alikuja muuza samaki mmoja mfupi sana hata kizimba kikammeza, jaji akaagiza waweke vitabu vya sheria apande juu yake. “Angalau leo,” alisema, “vimemwinua mtu.”

Na swali lake lilijulikana nchi nzima. Wakili akishamaliza kumzungusha shahidi, yeye aliinama kidogo na kuuliza, “Uliona kwa macho yako, au uliambiwa?” Nimeona mashahidi wakubwa wakubwa wakitoka jasho kwa swali hilo.

Yaliyojulikana kwangu peke yangu ni mengine. Alikula ameizungushia sahani mkono, kama mtu anayehofia kunyang'anywa. Pai ya kondoo ikiisha aliifuta sahani kwa mkate mpaka ungedhani imeoshwa. Na mtu yeyote akiingia, kabla ya uso, jaji alitazama viatu vyake. Mtoto wa mchungaji wa Perth, mwenye kitanda cha manyoya ya bata na yaya wa kumkatia nyama, anakula hivyo kwa nini? Nilikuwa nimejiuliza miaka nenda rudi, na Nettie alikuwa amechoka kuniambia nifuate yanayonihusu.

Sasa Kigaeli. Perth hawasemi Kigaeli.

*

Chumbani mwake nilimkuta amesimama dirishani, wigi liko mezani. Mvua ya ukungu ilikuwa imeifuta nusu ya jiji. Nilimmiminia chai, nikaweka na biskuti za shayiri, nikazunguka zunguka na kupangusa kitu kisichokuwa na vumbi.

“Rankine,” alisema akinitazama kwenye kioo cha dirisha, “sema ulichonacho kabla hujanitobolea meza.”

“Mimi, Mheshimiwa? Sina kitu.”

“Unaipangusa kwa soksi.”

Kweli ilikuwa soksi, sijui niliitoa wapi. Nikaiweka mfukoni. “Ni yule bibi tu, Mheshimiwa. Aliposema lile la ng'ombe.”

“Lile liliachwa. Mkalimani hakutaja ng'ombe hata kidogo.”

“Ndiyo, Mheshimiwa. Ndiyo maana naona ajabu umejua bibi alimtaja.”

Nikadhani nimepoteza kazi. Kisha akakaa, akakizungushia kikombe cha chai mkono wake.

“Wewe umezaliwa wapi, Rankine?”

“Leith, Mheshimiwa. Mtaa wa nyuma ya bandari.”

“Mimi nimezaliwa Glasgow, mtaa ambao kuliko kuukarabati waliona bora waubomoe. Nilipelekwa Boravaig na boti, kadi shingoni. Mchungaji Menteith alikuja kule likizo, akaniona nawasomea ng'ombe Biblia, akanichukua. Akanipa jina lake na koti, akaniambia nisizungumze Kigaeli mezani. Nikaona huo ni ushauri mzuri hata nje ya meza.” Akanywa chai. “Yule mvulana aliyekufa aliitwa Davie Gorrie. Alikuwa kaka yangu.”

Mimi, Wattie Rankine, ambaye Nettie anasema nitazungumza hata ndani ya jeneza, nilimwongeza chai ambayo hakuiomba. Niliona huruma, na chini ya huruma, lazima niseme kweli, niliona raha ya mtu aliyekuna pale pale panapowasha. Kisha nikaona aibu ya hiyo raha.

“Vile viatu,” nilisema mwisho.

“Vile viatu.”

“Sasa Mheshimiwa, kwa nini ukaichukua hii kesi?”

“Kwa kiburi. Niliona jina la Boravaig nikasema, jaji mzuri hujua kuiacha nafsi yake mlangoni pamoja na kofia. Nimefanya hivyo kila siku. Nikadhani nitamwacha yule mtoto nje, nisikilize kesi ya njia kama njia nyingine yoyote.” Akacheka kidogo, bila furaha. “Ameingia na viatu vyake, kwap, kwap, kwap.”

Wasomaji wa nchi nyingine watasema, basi shida iko wapi? Jaji anaujua ukweli, ampe bibi njia yake. Lakini kwetu hilo ndilo kosa kubwa kuliko yote. Jaji anajua kile tu kilichosemwa mbele yake kwa kiapo. Anachokijua kutoka nyumbani ni kama hakijui. Angeandika hukumu ya haki kabisa kwa sheria, aseme shahidi ni mmoja, wa pili hayupo, njia haikuthibitika, na kila kitabu kingemuunga mkono. Bibi angerudi kwao kwa boti, geti likabaki na kufuli, na mtu pekee duniani ambaye angeweza kuwa shahidi wa pili angekuwa ndiye aliyetia sahihi.

“Ungeweza kumpendelea kidogo tu,” nilisema. “Useme umemwamini mno bibi. Nani atajua?”

Alinitazama kwa jicho ambalo sitaki kutazamwa nalo tena. “Uliona kwa macho yako, Rankine, mimi nikifanya hivyo hata siku moja?”

“Hapana, Mheshimiwa.”

“Basi usiniambie.”

Tuliporudi ndani alisimama na kusema kwa maneno machache kwamba ana ufahamu binafsi wa jambo lililo mbele ya mahakama, kwamba hakupaswa kuketi, na kwamba kosa ni lake, si la upande wowote. Kesi itaanza upya kwa jaji mwingine. Imrie akaanza kuuliza ni ufahamu gani, lakini jaji alikuwa ameshainuka, na mimi nikalishusha siwa na kumtangulia kutoka.

Bibi Peigi alimuuliza mkalimani kuna nini. Alipoelezwa, uso wake ulianguka. Alikuwa amevuka bahari na nusu ya nchi kuja kusema maneno yake, na sasa anaambiwa arudi ayaseme tena kwa mwingine. Jaji aliuona uso huo. Nilimsikia nyuma yangu akipumua kama mtu aliyebeba gunia la viazi.

*

Asubuhi ya kesi mpya, kabla hajakanyaga chumba cha mahakama, Lodi Dunmarle aliacha ujaji. Wenzake walimsihi. Walimwambia jaji anaweza kutoa ushahidi na kurudi kitini, hakuna sheria inayomkataza. Yeye akawaambia hataki ionekane mahakama imejiamini yenyewe. Akiaminiwa, aaminiwe kama mtu. Mimi niliona ni ukaidi, nikamwambia.

“Ni ukaidi,” alikubali, akinikabidhi wigi ndani ya boksi lake. “Nimekula sana mkate wa ukaidi. Usilipanguse vumbi kwa soksi.”

Jaji mpya alikuwa Lodi Abercrag, kijana kuliko wote, ambaye wigi lake lilikuwa bado jeupe pee. Nilihamishiwa kwake. Mashahidi wetu hawakai ndani kusikilizana. Hufungiwa chumba chao mpaka waitwe, na funguo hukaa kwangu. Kwa hiyo mimi mwenyewe nilimfungulia mlango yule niliyekuwa nikimfungulia miaka yote, nikamwingiza kwenye kile chumba chenye benchi moja na jiko lisilowaka, nikamfungia kwa nje. Alikuwa amevaa koti la kijivu. Alivitazama viatu vyangu akasema vinahitaji soli.

Bibi Peigi akaeleza upya. Imrie safari hii alikuja amejipanga, akataka kumfanya aonekane mzee aliyesahau.

“Huyo mlinzi wa mawindo aliyeingia kinamasini, bibi. Unakumbuka hali ya hewa, unakumbuka kofia. Labda unakumbuka alikula nini asubuhi?”

“Sikumpikia mimi,” alisema bibi kwa kinywa cha mkalimani.

“Alikuwa peke yake, au na watu wengine ambao nao umewasahau?”

“Na mbwa. Alikuwa na mbwa mkali, anabwekea hata mawingu. Jeneza lilipopita alichutama kulekule matopeni akamziba mbwa mdomo kwa mkono, asimbwekee marehemu.”

Imrie akatabasamu kwa waliokuwepo, kana kwamba anasema, mnaona, sasa kuna na mbwa. Lodi Abercrag akaandika. Nikatazama funguo mkononi mwangu.

“Shahidi anayefuata,” alisema wakili wa bibi, kijana mmoja mwenye mafua.

Sasa nieleze jambo moja la nyumba yetu. Nje ya vyumba vya mahakama kuna ukumbi mkubwa uliokuwa wa Bunge la kale, na humo mawakili hutembea. Wawili wawili, kwenda na kurudi, kwenda na kurudi, kutwa nzima, wakinong'ona mambo ya wateja wao. Wanatembea ili asiwepo wa kusimama karibu na kusikia. Hakuna aliyewahi kuuona ukumbi ule umetulia wakati wa kazi. Mfalme akifa, wanatembea polepole kidogo.

Kazi ya kuita shahidi ni yangu. Nikasimama mlangoni, nikavuta pumzi. Koo langu lilikuwa limezoea kumwita Mheshimiwa. Wakili alikuwa amenipa jina la kuita, na jina hilo halikuwahi kutamkwa chini ya paa lile.

“Archie Gorrie!”

Hakuna aliyegeuka. Nani anamjua Archie Gorrie? Nikamfungulia. Alitoka katika koti lake la kijivu, akaukata ukumbi katikati akija kwangu, na mmoja akamwona, kisha mwenzake, kisha wote. Miguu ikakoma. Ukumbi mzima ulisimama, majoho meusi kutoka ukuta hadi ukuta, na kilichosikika ni hatua za mtu mmoja tu juu ya mbao. Sikuthubutu kumtazama. Nilisema kimoyomoyo kwamba nikilia na sare hii nitaacha kazi.

Alipanda kizimbani. Lodi Abercrag alisimama, akainua mkono wa kuume. Kijana yule alikuwa amejifunza kuapisha watu kwa kumtazama huyu huyu.

“Naapa kwa Mwenyezi Mungu,” alisema Lodi Abercrag.

Mzee naye akainua mkono. “Naapa kwa Mwenyezi Mungu.”

“Kwamba nitasema kweli.”

“Kwamba nitasema kweli.”

Neno moja moja, wakingojana, mpaka mwisho. Kisha akaulizwa jina lake na alikokulia, naye akataja yote mbele ya watu waliomjua kama mtoto wa mchungaji wa Perth. Kule nyuma mtu mmoja aliguna. Bibi Peigi alikuwa amekaa mbele pamoja na mkalimani wake. Mkalimani alipomnong'oneza jina, bibi alimshika mkono akamwonyesha anyamaze.

Alieleza siku ile ya kumzika kaka yake. Theluji, wabebaji, mlinzi wa mawindo, kofia. Imrie alipoinuka hakuwa na tabasamu, lakini alikuwa na kazi yake ya kufanya, na simlaumu.

“Bwana Gorrie. Samahani, sijazoea.”

“Utazoea.”

“Habari ya kofia na kinamasi uliisikia mwenyewe kwa mdomo wa mlalamikaji, umekaa kwenye kile kiti pale. Ni kweli?”

“Ni kweli.”

“Basi nikuulize swali ambalo sote humu tunalijua.” Imrie aliinama kidogo. “Uliona kwa macho yako, au uliambiwa?”

Hata Meja Ferrers alitazama chini.

“Swali zuri,” alisema mzee. “La kofia, mahakama inaweza kusema niliambiwa, na sitabisha. Lakini mimi nilikuwa mfupi. Kofia ya mtu mzima ilikuwa juu sana kwangu. Nilichokuwa nakitazama ni mbwa, kwa sababu nilimwogopa, alishawahi kuning'ata. Nikawa nawaza atabweka, na Davie hakupenda mbwa. Yule bwana akachutama majini, akamziba mdomo kwa mkono mpaka tukapita wote. Hilo sikuambiwa na mtu.”

Lodi Abercrag alinitazama mimi. “Mbeba siwa, shahidi huyu alikuwa wapi mlalamikaji alipokuwa akizungumza?”

“Nimemfungia mwenyewe, Mheshimiwa.” Nikainua funguo waione. “Na mlango ule ni mzito, humo ndani husikii hata kengele ya kanisa.”

Imrie alisimama kidogo zaidi, akafunga karatasi zake, akainamisha kichwa kwa yule mzee kama alivyozoea kumwinamia, na kukaa.

Hapo Bibi Peigi akasema jambo kwa Kigaeli. Hakuwa ameruhusiwa. Alilisema kwa sauti ya kawaida, ng'ambo ya chumba, kama mtu anayemuuliza jirani habari ya ng'ombe.

Mkalimani akafungua kinywa, lakini Archie Gorrie alikuwa ameshamjibu kwa Kigaeli, taratibu, akijikwaa, kama mtu anayeshuka ngazi gizani. Bibi akachomoa leso.

“Itafsiriwe,” alisema Lodi Abercrag. “Yote mawili.”

Mkalimani aliposimama, safari hii hakutazama dari. “Bibi ameuliza kama vile viatu vya Calum vilimtosha mwishowe. Bwana Gorrie amesema vilimtosha mwaka alioingia chuo kikuu. Anasema anaomba radhi hakuvirudisha.”

*

Geti liliondolewa kabla ya majira ya joto. Meja hakukata rufaa.

Tulikwenda mimi na Nettie, kwa mwaliko, nikijidai naangalia kama mahakama imetiiwa. Tulipanda mlima sisi wanne, Bibi Peigi ameshika mkono wa Archie, akimsema njia nzima kwa Kigaeli na yeye akijitetea. Nettie aliniuliza wanasemaje. Nikamwambia sijui, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu sikuwa na haja ya kujua.

Kule juu, penye kinamasi, alikuja mlinzi wa mawindo wa Meja, kijana mwenye bunduki begani. Alituona, akatutambua, nikaona amesita. Njia pale bado ni nyembamba. Bibi Peigi hakupunguza mwendo. Yule kijana akavua kofia yake, akashuka kwenye matope, nasi tukapita kwenda kumwona Calum na Davie.